Uzito wa Kura ya Mtu wa Tulia

Mwezi wa Machi mwaka 1957 Waafrika wa Kenya walipiga kura kwa mara ya kwanza kuwachagua wajumbe wao wa Baraza la Kutunga Sheria. Viti vyao vilikuwa vinane kwa nchi nzima. Ukambani wote, Machakos na Kitui pamoja, ulipewa kiti kimoja tu, na aliyekitwaa alikuwa Bwana James Nzau Muimi. Katika vijiji vya Kitui kama Tulia, huo ulikuwa mgeni wa ajabu, maana watu walikuwa wamezoea kuona mambo makubwa yakiamuliwa ofisini kwa D.C., kisha yakiletwa barazani na chifu yakiwa yamekwisha kupikwa na kuiva.

Hata hivyo, mtu anayesoma habari za uchaguzi ule leo hushangazwa na jambo moja kuliko mengine yote. Waafrika walipiga kura, ndiyo, lakini hawakupiga kura sawasawa. Mmoja alikuwa na kura moja, jirani yake alikuwa na mbili, wa tatu alikuwa na tatu. Na wa nne, ambaye pengine shamba lake lilikuwa katikati ya mashamba ya hao wote, hakuwa na kura hata moja. Kabla mtu hajafika penye sanduku, kura yake ilikuwa imekwisha kupimwa katika mizani ambayo yeye hakuishika.

Yafaa kukumbuka jinsi mambo yalivyokuwa hapo kwanza. Baraza la Kutunga Sheria lilianzishwa mwaka 1907. Wazungu wa Kenya walianza kuwachagua wajumbe wao mwaka 1920. Mwafrika hakuwa na mjumbe. Aliyemsemea ni Mzungu aliyeteuliwa na Gavana, aghalabu mmisionari. Mwaka 1944 ndipo Bwana Eliud Mathu alipoingia katika Baraza, Mwafrika wa kwanza, naye pia aliteuliwa wala hakupigiwa kura.

Mtu asiye na mjumbe, akiwa na neno la kusema, hulipeleka kwa miguu. Wakamba wanalijua jambo hili kuliko wengi. Mwaka 1938 Serikali iliamua kupunguza ng'ombe wa Machakos kwa nguvu, ikisema kwamba mifugo imezidi na ardhi inaharibika. Ng'ombe walichukuliwa na kuuzwa kwa bei ndogo. Basi maelfu ya watu, wanaume, wanawake na watoto, wakiongozwa na Bwana Samuel Muindi Mbingu, waliacha nyumba zao wakaenda Nairobi, wakakaa Kariokor kwa majuma kadhaa wakitaka kumwona Gavana. Mwishowe Serikali iliacha kuwachukua ng'ombe kwa nguvu, lakini Muindi Mbingu alikamatwa akapelekwa kufungiwa Lamu. Hiyo ndiyo iliyokuwa gharama ya kusikika kwa watu wasiokuwa na kura.

Sasa turudi kwenye mwaka 1957. Kanuni za uchaguzi ule zilitokana na uchunguzi wa Bwana Walter Coutts. Swali aliloulizwa lilikuwa hili: Waafrika wachague kwa njia gani? Jibu lilikuwa kwamba kura isitolewe kwa kila mtu mzima, bali kwa mtu mwenye sifa. Na mwenye sifa nyingi apewe kura zaidi, hata kufikia tatu. Sifa zenyewe zilikuwa kama vile elimu ya shule ya kati, mapato ya pauni 120 kwa mwaka, yaani shilingi 2,400, au mali yenye thamani ya pauni 500, utumishi wa muda mrefu, na cheo cha uzee katika jamii.

Tuwafikirie watu watatu wa mtaa mmoja katika Kitui ya siku hizo. Wa kwanza ni mwalimu. Amesoma, ana mshahara wa kila mwezi, na karani wa uandikishaji anamfahamu kwa jina. Huyo angeweza kupata kura mbili, au hata tatu. Wa pili ni askari mstaafu wa King's African Rifles, jeshi ambalo Wakamba wengi waliingia. Amekwenda vitani Burma, amerudi na karatasi zake katika mkebe wa bati. Utumishi wake ungempatia kura. Wa tatu ni mkulima. Analima mahindi, mtama na mbaazi, ana mbuzi na ng'ombe wachache, na mwaka wa mvua mbaya huwauza ili kununua chakula. Hakusoma. Hana mshahara. Ukikusanya mali yake yote haifiki shilingi 10,000 hata kidogo. Kama umri wake haujamfikisha katika wazee wanaohesabiwa, huyo hana kura. Lakini kodi hulipa, na mtoza kodi hakumwuliza amefika darasa la ngapi.

Wako waliozitetea kanuni zile. Walisema kwamba kura ni kama panga, haifai kupewa mkono usiozoea. Kwamba mwenye elimu ataangalia hoja, na asiyesoma atafuata kelele. Hoja hiyo haikuwa ya upumbavu, na hata Waafrika wengine waliosoma waliikubali kimyakimya, kwa kuwa iliwapa wao nafasi ya mbele. Udhaifu wake ulionekana mara moja ukitazama upande wa pili wa barabara. Mzungu hakuulizwa cheti cha shule. Wazungu wa Kenya, ambao hawakufika 70,000, walikuwa na viti 14 vya kuchaguliwa, na kila mtu mzima wao alipiga kura. Waafrika, zaidi ya milioni tano, walikuwa na viti 8, na walioandikishwa walikuwa kama 126,000 tu. Ikiwa elimu ndiyo mizani, mbona mizani ile ilitumika katika duka moja tu?

Kwa Wakikuyu, Waembu na Wameru kulikuwa na sharti la ziada, maana ilikuwa bado ni siku za Hali ya Hatari: ilimbidi mtu awe na cheti cha uaminifu kwa Serikali. Matokeo yake yalionekana katika jimbo la Kati. Wameru waliopewa vyeti walikuwa wengi kuliko Wakikuyu, na Bwana Bernard Mate wa Meru akamshinda Bwana Mathu, yule yule aliyekuwa Mwafrika wa kwanza katika Baraza. Wagombea ndio waliotajwa magazetini, lakini nusu ya kazi ya ushindi ilifanywa na karani aliyetoa vyeti.

Wajumbe wale wanane, wakiwamo Bwana Tom Mboya wa Nairobi, Bwana Oginga Odinga, Bwana Ronald Ngala na Bwana Daniel arap Moi, walikataa kushika vyeo vya uwaziri, wakadai viti zaidi kwa Waafrika. Na hapa kuna jambo la kufurahisha kidogo: watu waliochaguliwa kwa kura za mizani ndio waliokuwa wa kwanza kutaka mizani ile ivunjwe.

Ilivunjwa kwa hatua mbili. Katika uchaguzi wa Februari 1961 kura ya pili na ya tatu ziliondolewa. Aliyeweza kusoma au kuandika lugha yake, au aliyezidi miaka 40, au aliyekuwa na mapato ya pauni 75 kwa mwaka, aliandikishwa. Mkulima wetu wa Tulia, kama umri wake ulizidi 40, sasa alikuwa na kura moja sawa na ya mwalimu. Lakini hata hapo, mizani nyingine ilikuwa imefichwa chini ya meza, nayo ni mipaka ya majimbo. Chama cha KANU kilipata kama asilimia 67 za kura zote na viti 19 vya wazi. KADU ilipata kama asilimia 16 za kura na viti 11. Atakayepiga hesabu ataona kwamba kiti kimoja cha KANU kiligharimu kura nyingi mno kuliko kiti kimoja cha KADU. Hapakuwa na wizi wowote katika jambo hilo. Majimbo yenye watu wachache yalihesabiwa sawa na majimbo yenye watu tele, basi.

Mwezi wa Mei 1963 kila mtu mzima alipiga kura, mwenye elimu na asiye nayo, mwenye mali na maskini. Ukambani uliutumia uhuru huo kwa namna yake. Bwana Paul Ngei alikuwa amejitoa katika KANU na kuanzisha chama chake, African People's Party, nacho kilipata viti 8. Mwezi wa Septemba mwaka huo huo akarudi KANU pamoja na watu wake. Bwana Eliud Ngala Mwendwa wa Kitui aliingia katika Serikali ya kwanza ya Kenya huru, akawa Waziri wa Kazi. Na mwaka 1974 jimbo la Kitui Magharibi, ambalo ndilo jimbo la Tulia, lilimchagua mwanamke, Bibi Nyiva Mwendwa, wakati ambapo sehemu nyingi za nchi hazijaota hata ndoto ya jambo hilo. Mwaka 1995 Bibi huyo akawa mwanamke wa kwanza kuwa Waziri nchini Kenya. Bibi Edith Nyenze alichaguliwa katika jimbo hilo hilo mwaka 2018, na tena mwaka 2022. Wanaosema kwamba watu wa mashamba hawawezi kumpa mwanamke kura wangefaa kupanda basi waende Kitui.

Baada ya mwaka 1969 palibaki chama kimoja, kwanza kwa vitendo, na tangu 1982 kwa sheria. Kura ilikuwa ingali moja kwa kila mtu, nayo ilikuwa ya siri. Kisha ikaja habari ya mlolongo.

Mwaka 1986 KANU iliamua kwamba wanachama wake, wakati wa kuwateua wagombea, wasitumie karatasi wala sanduku, bali wajipange mstari nyuma ya mtu wanayemtaka au nyuma ya picha yake. Sababu zilizotolewa zilikuwa nyepesi kueleweka: njia hii ni rahisi, haina gharama, kila mtu anaona kwa macho yake, na asiyejua kusoma hadanganywi. Tena ilisemwa kwamba ndiyo desturi ya Kiafrika, kusimama hadharani na kusema neno lako. Mtu akiyasikia maneno hayo kwa mara ya kwanza huenda akayakubali. Wazee wa Ukambani, katika nzama yao, hawakupiga kura za karatasi.

Lakini mzee wa nzama hakuwa na chifu aliyesimama pembeni akiandika majina. Mwezi wa Februari 1988 mlolongo ulitumika nchi nzima, na watu wakaona kasoro yake. Fikiri hali ya mtu anayedaiwa dukani, na mwenye duka amesimama mstari wa pili akimtazama. Fikiri mke ambaye mumewe ameonyesha kwa kidole mstari wa kusimama, au mwalimu ambaye mwenyekiti wa kamati ya shule yake ni shemeji wa mgombea. Sanduku la kura lina ubao mwembamba tu na tundu la kutia karatasi, lakini ubao ule ndio ukuta pekee kati ya maskini na mtu anayemshikia mkate wake. Mlolongo uliubomoa. Baraza la Makanisa ya Kenya lilikuwa limeupinga tangu mwaka ule wa 1986.

Tena palikuwa na sharti la asilimia 70. Mgombea aliyepata asilimia 70 au zaidi ya watu waliojipanga alihesabiwa kuwa amekwisha kuchaguliwa kuwa mbunge, pasipo kura ya siri kupigwa katika jimbo lake. Waliojipanga walikuwa wanachama wa KANU tu, tena wale waliofika siku hiyo. Kwa hiyo mtu aliyeandikishwa kihalali, mwenye kadi yake mfukoni, aliweza kukuta mbunge wake amepatikana bila yeye kuulizwa neno. Katika sehemu mbalimbali watu walilalamika kwamba mstari mfupi ulitangazwa kuwa mrefu. Ushahidi haukuwapo: watu wakishatawanyika, mstari huwezi kuuhesabu tena. Karatasi angalau hubaki.

Mwezi wa Desemba 1990 KANU yenyewe iliufuta mlolongo pamoja na sharti la asilimia 70. Mwaka uliofuata sheria ya chama kimoja ikaondolewa, na Desemba 1992 vyama vingi vikashindana kwa kura ya siri. Jimbo la Kitui ya Kati lilimpeleka bungeni Bibi Charity Ngilu, ambaye mwaka 1997 aligombea hata urais.

Mpango unaotumika sasa umo katika Katiba ya mwaka 2010. Nchi imegawanywa katika majimbo 290 na kila jimbo huchagua mbunge mmoja. Kila kaunti kati ya 47 huchagua tena mwanamke mmoja wa kuiwakilisha katika Bunge la Taifa. Viti 12 hugawanywa kwa vyama kwa kadiri ya viti vilivyoshinda, na hivyo wabunge wote ni 349, mbali na Spika. Kitui ina majimbo 8, na Makueni ina 6.

Mbunge wa jimbo hashindi kwa nusu ya kura. Rais ni lazima apate zaidi ya nusu, pamoja na robo ya kura katika kaunti zisizopungua 24. Mbunge yatosha awazidi wenzake. Wakigombea watu watano, na kura zikawa 10,000, aliyepata 3,000 aweza kwenda bungeni ilhali watu 7,000 walimtaka mwingine. Sheria hii Kenya iliirithi kwa Waingereza. Sifa yake ni wepesi, na kwamba mpiga kura anamjua mbunge wake kwa sura na njia ya kwake. Hila inayotokana nayo inajulikana vijijini pia: mwenye fedha humsaidia mgombea mdogo wa ukoo wa mpinzani wake, si ili ashinde, bali ili azigawanye kura za nyumbani. Watu wa Tulia wakiona wagombea wawili wa ukoo mmoja, ni vyema waulize ni nani aliyelipa ada ya mmojawapo.

Na mipaka je? Kwa hesabu ya watu ya mwaka 2019, Kenya ilikuwa na watu 47,564,296. Ukigawanya kwa majimbo 290, kila jimbo lingekuwa na watu kama 164,000. Katiba inaruhusu jimbo lizidi au lipungue kiasi hicho kwa asilimia 30, na kwa asilimia 40 katika miji mikubwa na sehemu zenye watu wachache. Makueni, yenye watu 987,653, inapata mbunge mmoja kwa watu 164,600 hivi. Kitui, yenye watu 1,136,187, inapata mmoja kwa kila 142,000. Kaunti ya Lamu, yenye watu 143,920, ina wabunge wawili, yaani mmoja kwa watu 72,000. Kwa hiyo kura ya Lamu ina uzito karibu mara mbili ya kura ya Kitui, na kura ya Kitui inaizidi kidogo ile ya Makueni. Majimbo madogo yalilindwa katika ugawaji wa kwanza, ili watu wa sehemu za mbali wasikose msemaji, na hoja hiyo ina haki yake. Lakini mipaka ilipaswa kupitiwa upya ifikapo Machi 2024. Muda huo ulipita bila kazi kufanyika, kwa kuwa Tume ya Uchaguzi haikuwa na makamishna tangu Januari 2023 hadi Julai 2025. Mkulima hakuliona jambo hilo likipita. Hakuna king'ora kinacholia mpaka unapoachwa kupimwa.

Anachoweza kukiona ni siku yenyewe. Uchaguzi mkuu hufanywa Jumanne ya pili ya mwezi wa Agosti kila mwaka wa tano, na kwa hesabu hiyo ujao unaangukia tarehe 10 Agosti 2027. Mpiga kura hupewa karatasi sita, na ya mbunge wa jimbo ni ya rangi ya kijani. Kituo kimoja hakizidi wapiga kura 700. Milango ikifungwa jioni, masanduku hayapelekwi popote kwanza: kura huhesabiwa pale pale, mbele ya mawakala wa wagombea, na hesabu ya kura za mbunge huandikwa katika fomu inayoitwa 35A. Mawakala huweka sahihi na kupewa nakala zao, na nakala nyingine hubandikwa mlangoni pa kituo.

Fomu hiyo yaweza kusomwa na mtu yeyote, hata asiyepiga kura, na yaweza kupigwa picha kwa simu. Jumla ya fomu zote za vituo ndiyo inayompa msimamizi wa jimbo matokeo anayoyatangaza. Mtu wa Tulia atakayesimama mlangoni usiku ule akiwa na taa yake, akanakili hesabu za kituo chake na za vituo jirani, atakuwa na jambo ambalo babu yake hakuwa nalo mwaka 1957, wala baba yake mwaka 1988: hesabu yake mwenyewe, ya kulinganisha na ile itakayosomwa kesho yake.